Jina Lililomezwa na Mluzi

Tangu dada yake Akka afariki, msimu wa mvua uliopita, hakubaki mtu hai aliyemwita Mzee Moreshwar kwa jina lake.

Jambo hilo alilitambua akinyoa ndevu. Alijitazama kwenye kioo, povu limemjaa mashavuni, akaanza kuwapitia watu mmoja mmoja. Mwanawe Ameya humwita Baba. Mke wa Ameya, Ketaki, naye humwita Baba. Mjukuu wake Rewa humwita Babu. Wanafunzi aliowafundisha kuchora mpaka akastaafu sasa wana vipara na vitambi, na wakikutana naye njiani bado wanaficha sigara na kumwita Mwalimu. Muuza maziwa humwita Mjomba, kama anavyomwita kila mwenye mvi katika mji wao wa Satara, India. Na mkewe, Vatsala, humwita Aho.

Aho si jina. Ni namna ya mke kumwambia mumewe "hebu sikia" kwa adabu, na kila mke wa rika lake analitumia hilohilo. Siku moja sokoni Vatsala aliita "Aho" akiwa mbele ya mabiringanya, wakageuka wanaume wa soko zima, kila mmoja na kikapu chake na uso wa mtu aliyeharibu kitu. Aliyeitwa ndiye pekee ambaye hakugeuka, kwa kuwa sikio lake la kushoto lilikuwa limeshaanza mgomo.

Sisi tunaosimulia hatukuolewa naye, kwa hiyo tunaweza kumtaja tutakavyo. Vatsala hawezi. Mama yake alimfunda kwamba mke akilitamka jina la mumewe anampunguzia umri, na yeye hakuwa tayari kumpunguzia mume wake hata alasiri moja. Alilikwepa jina hilo hata lilipojibanza ndani ya maneno mengine. Kwa lugha yao tausi huitwa mor, na mor ndio mwanzo wa Moreshwar, basi tausi maskini naye akapigwa marufuku. Nyumbani kwao aliitwa "ndege wa Babu". Rewa alipoanza shule, mwalimu alimwonyesha picha ya tausi amefungua mkia, na mtoto akajibu kwa kujiamini kwamba huyo ni ndege wa Babu. Ameya aliitwa shuleni kueleza ni mzee gani huyo anayemiliki tausi wote.

Mwaka mzima ruhusa ilikuwa moja tu. Mke angeweza kulitaja jina la mume ndani ya ubeti wa mashairi, akiombwa na wanawake wenzake kwenye sherehe. Jina likishafungwa kwa vina halidhuru mtu. Lakini sherehe zenyewe ni za wanawake, na wanaume hufukuzwa nyumbani tangu mchana. Mzee Moreshwar alilisikia jina lake kinywani mwa mkewe siku ya harusi tu, nalo lilitamkwa kwa aibu ndani ya sari, mbele ya ngoma na tarumbeta. Kwa kifupi hakulisikia.

Zamani hakujali, kwa sababu alikuwa na Akka. Huyo alikuwa dada yake mkubwa, aliyeolewa Nagpur, na kila Jumapili asubuhi simu ya mezani ililia. Vatsala ndiye aliyekuwa akiipokea, akainong'oneza salamu zake, kisha akamwitia mwenyewe. Akka hakuwa na habari ya kusalimu. "Moru," alikuwa akifoka, kama mtu anayeita ng'ambo ya mto, "umeoga? Umekula? Sweta umevaa?" Moru, jina lake la utotoni. Mzee mzima, baba wa mtu, babu wa mtu, anaulizwa kama ameoga. Alikuwa akinung'unika kila Jumapili, na kila Jumapili alijibu maswali yote matatu. Sasa simu ile imekaa kimya kwenye meza yake ya pembeni. Ameya alitaka kuikata, akasema nani siku hizi ana simu yenye waya. Baba yake alimwambia aiache. Ameya akauliza sababu. Baba yake akasema inapendeza.

Alitaka kuitwa jina lake, basi. Mara moja, na mtu aliye hai, anayemjua. Angeweza kumwomba muuza maziwa, lakini kitu kama hicho huwezi kumwomba muuza maziwa. Alimtaka Vatsala, na aliona haya kumwambia.

Akajaribu ujanja. Walipokwenda kupima macho ya Vatsala, muuguzi aliuliza jina la mume. Vatsala akamgeukia: "Aho, mwambie." Mzee Moreshwar akageuza upande wa sikio lililogoma, akatazama ukutani, akasoma kwa makini sana tangazo la kunawa mikono.

"Mama, niandike nani hapa?" muuguzi akauliza tena.

"Huyu hapa," Vatsala akasema, akimwonyesha kwa kidole.

"Huyu anaitwaje?"

Vatsala hakubabaika. Alifungua mkoba, akatoa kitambulisho cha mumewe anachotembea nacho siku zote, akakiweka mezani. "Soma mwenyewe, mwanangu. Macho yangu ndiyo yamenileta."

Muuguzi akaandika bila kulisoma kwa sauti. Mzee Moreshwar akarudi nyumbani na jina lake kama alivyolipeleka.

Ndipo ikafika Sankranti, siku ya ufuta na sukari guru, na zamu ya kualika wanawake ikawa yao. Ketaki alinunua bakuli ndogo za kuwapa wageni. Vatsala akakaanga ufuta mpaka ngazi nzima ikanukia, akaufinyanga na sukari guru kuwa vidonge, akaandaa sinia la manjano na unga mwekundu wa kuwapaka wageni kwenye paji la uso. Mchana Ameya alifukuzwa, akaondoka kwa furaha ya mtu aliyepewa likizo. Mzee Moreshwar akavaa viatu, akatangaza kwamba anakwenda maktaba, akafungua mlango, akaufunga kwa kishindo akiwa bado ndani. Kisha akanyata mpaka chumbani, akajificha nyuma ya pazia la mlangoni, sikio zima limeelekea sebuleni.

Hajakaa sana, Ketaki akaingia kuchukua zile bakuli.

"Baba? Unafanya nini humu?"

"Natafuta miwani."

"Umeivaa."

Mzee Moreshwar aliigusa, akaikuta kweli ipo. Kwa kuwa hakuwa na uongo mwingine karibu, akasema ukweli. "Nataka kumsikia mama yako akisema ubeti. Mara moja tu. Usinitangaze."

Ketaki alimtazama yule mzee mrefu aliyejikunja nyuma ya pazia na viatu vyake vya kwenda maktaba, akaziba kicheko kwa ncha ya sari. Akalivuta pazia kidogo ili miguu isionekane. "Usikohoe," akamwambia, akatoka.

Wageni wakajaa. Kulikuwa na sari za kila rangi, bangili zikigongana, na harufu ya ua la asumini hadi chumbani. Walipakana manjano, wakalishana vidonge vya ufuta na kuambiana, kama desturi ya siku hiyo, kula kitamu useme matamu. Halafu wakaanza kuchokozana. Pramila wa ghorofa ya chini, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuuzia samli, akataka kila mmoja amtaje wake, na akajitolea kuanza.

"Ufuta nimekaanga, sukari nimeyeyusha,
Vinayak akikoroma, majirani huamsha."

Wakacheka, na wale wanaokaa ghorofa moja naye wakathibitisha kwamba ni kweli tupu. Wakamgeukia Ketaki. Kizazi chake humwita mume jina mchana kweupe, hata kwa kumkaripia, lakini ubeti ni ubeti. Akasimama, akarekebisha sari.

"Simu yake mkononi, chai yake imepoa,
Ameya kanitazama, siku tu ya kunioa."

Hilo lilipigiwa makofi marefu, na mtu mmoja akasema wa kwake hata siku hiyo alikuwa akitazama chakula. Nyuma ya pazia Mzee Moreshwar aliubana mdomo. Alikuwa kama mvulana anayesubiri matokeo ya mtihani.

"Sasa mwenye nyumba," Pramila akasema. "Na usituletee ule wa mwaka jana, Vatsala. Ule tumeuchoka."

"Mimi mzee, niacheni."

"Mzee ndiye wa kusikilizwa. Sema."

Vatsala akajikohoza. Mzee Moreshwar akalitoa sikio nje ya pazia.

"Mlimani kuna ngome, bondeni kuna mtama,
Na kwangu yupo..."

Hapo ndipo sufuria ya presha jikoni, yenye dengu ambazo Ketaki alikuwa amezisahau kabisa, ilipoamua kupiga mluzi. Si mluzi wa kawaida. Ulikuwa mluzi mrefu, wenye hasira, wa sufuria iliyokuwa ikijizuia tangu wageni waingie. Ulipokwisha, sebuleni wanawake wanashangilia, na Vatsala anamalizia, "...nyumba yangu yasimama."

"Sikusikia," ikasema sauti nene kutoka nyuma ya pazia. "Rudia."

Sebule ikanyamaza. Mzee Moreshwar mwenyewe alinyamaza kuliko wote, kwa sababu hakuwa amekusudia kusema. Maneno yalitoka yenyewe. Pramila ndiye aliyeanza kucheka, kicheko cha kutoka tumboni, kikamwambukiza aliye karibu naye, kikazunguka sebule nzima mpaka watu wakashikana mabega na manjano yakamwagika kwenye zulia. Vatsala peke yake hakucheka. Alikwenda akalivuta pazia. Akamtazama mumewe kuanzia viatuni, akapanda naye taratibu mpaka usoni.

"Aho," akasema, "maktaba imehamia huku?"

Jioni hiyo hakusema naye. Kila alichotaka kusema alikipitisha kwa Rewa, waliyekuwa wamemketisha katikati.

"Mwambie babu yako dengu zimeiva, na wenye masikio wamesikia zilipoiva."

"Babu, dengu zimeiva."

"Mwambie bibi yako namshukuru."

"Bibi, anashukuru."

"Mwambie asishukuru, ale."

Ameya aliuliza kimetokea nini. Ketaki akamkanyaga mguu chini ya meza.

Asubuhi Vatsala alikaa kwenye roshani penye jua, akichagua mchele kwenye sinia la shaba. Mzee Moreshwar akavuta kiti, akakaa, akaondoka, akarudi, akakaa tena. Alikuwa na hotuba aliyoiandaa, yenye utangulizi. Ikapotea yote.

"Hakuna anayeniita," akasema.

Vatsala akatupa kijiwe. "Mimi nakuita tangu alfajiri mpaka usiku. Husikii."

"Unaita Aho. Hata Vinayak ni Aho. Aliyekuwa akiniita mimi ni Akka." Akaitazama ngome kule mlimani, kisha akaendelea. "Nilitaka kulisikia tena, basi. Nikajificha kama mwizi, na nimekuaibisha. Nisamehe."

Vidole vya Vatsala vilisimama juu ya mchele. Hasira ilikuwa imemtoka, na alionekana kutojua aiweke wapi mikono.

"Nikikutaja ukanifia?"

"Akka alinitaja maisha yake yote. Nitazame. Nimebaki mzima mpaka nakuchosha."

"Akka ni damu yako. Mke ni kitu kingine." Akalisogeza sinia, mchele ukakimbia upande mmoja. "Sinia hili unalikumbuka?"

Alilikumbuka. Ndilo lililowekwa kati yao siku ya harusi, limejaa mchele, na yeye, kwa pete ya dhahabu na maelekezo ya shangazi zake, akaandika kwenye mchele ule, kama ilivyo desturi, jina jipya la bibi harusi. Vatsala. Alilichagua mwenyewe, akajisifu kwa marafiki kwamba herufi zilimtoka vizuri kwa kuwa yeye ni mchoraji.

"Wewe umekosa wa kukuita tangu mvua za juzi," mkewe akasema, bila uchungu, kama mtu anayesoma bei ya vitunguu. "Mimi nilipoondoka kwetu asubuhi ile nilikuwa mtu mwingine. Kufika jioni, hata mama yangu ananiita Vatsala, anawaogopa shangazi zako. Sikukasirika. Ni jina zuri, nimelizoea. Lakini nikikuona unalilia lako nyuma ya pazia, najiuliza langu unalikumbuka hata kidogo."

Hakungoja jibu. Alibeba sinia lake, akaingia ndani.

Alilikumbuka. Bakul. Jina la ua dogo jeupe ambalo hata likikauka ndani ya kabati halipotezi harufu. Lilikuwa kwenye kadi ya harusi, na kabla ya harusi alikuwa amelichora pembeni mwa kila daftari alilokuwa nalo, kwa maua na bila maua. Kisha akachukua pete akalifuta, akiwa anacheka, na hakuna aliyemwona kuwa amefanya kosa, hata yeye mwenyewe. Alikaa pale roshani mpaka chai ikapoa, na kwa mara ya kwanza tangu msiba hakuwa akimfikiria Akka.

Ulimi nao ukawa na yake. Alidhani atamfuata jikoni na kulisema, basi, imekwisha. Alipofika mlangoni likamkwama, akaomba chumvi. Mara ya pili akaomba kijiko. Mpaka jioni alikuwa na vitu vingi vya jikoni asivyovihitaji. Ndipo alipoelewa kazi aliyokuwa akimpa mkewe. Akaingia bafuni, akafungua maji kwa nguvu, akajaribu humo. "Bakul," akaiambia ndoo. "Bakul. Bakul."

"Babu," Rewa akauliza nje ya mlango, "unaongea na nani?"

"Na sabuni."

Jumapili ikafika. Ameya alikuwa amelala, Ketaki anasuka nywele za Rewa, Vatsala amepanda kwenye paa kuanika sari. Mzee Moreshwar alikuwa anasoma gazeti karibu na ile meza ya pembeni, kwa mazoea tu, wakati simu ilipolia.

Aliitazama. Ikaendelea kulia. Ketaki akawa ameinama mno juu ya nywele za mtoto, kama mtu asiyesikia kitu, na simu yake ya mkononi, ambayo haikosi kuwa pembeni yake, haikuwepo. Mzee Moreshwar akainua mkono wa simu, akauweka kwenye sikio zima.

"Moru," ikafoka sauti, kama mtu anayeita ng'ambo ya mto. "Umeoga?"

Sauti ilimfikia mara mbili, moja kwenye simu, nyingine kupitia dirishani, kutoka juu ya paa. Ilikuwa inatetemeka kidogo, lakini ilikuwa imekazana. Hata ule mkwaruzo wa sauti ya Akka ilikuwa imeuiga.

"Jibu, Moru, simu inakula salio la mkwe wako. Umekula? Sweta umevaa?"

Machozi yalimtoka, na hakuyafuta, kwa kuwa mkono mmoja ulikuwa na simu na mwingine ulikuwa umeshika meza. Rewa alitaka kuuliza kitu, Ketaki akamgeuza kichwa.

"Nimeoga," akasema. "Nimekula. Sweta nalivaa sasa hivi." Akavuta pumzi. Bafuni jina lile lilikuwa likitoka vizuri. "Nimesikia yote, Bakul."

Juu ya paa ndoo ilianguka, ikabingirika mpaka ukutani. Sari moja ya manjano ikapita dirishani ikielekea uani kwa Pramila, na hakuna aliyeihangaikia. Kwenye simu ulisikika upepo tu, na mtu anayevuta kamasi.

Kisha sauti ikarudi, ndogo kabisa, sauti ya msichana ambaye hakuwahi kukaa katika nyumba hii.

"Sikusikia," ikasema. "Rudia."